Bibi wa Meksiko alianza ubibi kabla hajazeeka

Wale ambao hamkufika Jumamosi kwenye kikao chetu cha waigizaji mmenijazia meseji mnataka nilichoongea kuhusu Sara García, mwigizaji wa Meksiko, haya hii hapa yote kama ilivyotoka mdomoni, nimetoa tu zile dakika umeme ulipokatika na yale mabishano ya mzee mmoja na fundi wa jenereta.

Haya jamani, jioni njema. Wazee wangu shikamooni. Wadogo zangu marahaba, hata nyie mlioingia kimyakimya mkaenda moja kwa moja kwenye sambusa.

Naanza na swali. Nyoosha mkono kama umewahi kuwa steringi, steringi kabisa, yule ambaye sura yake ndo imejaa kwenye bango la muvi. Mmoja, wawili... wewe wa huko nyuma shusha mkono bwana, tunakujua. Sasa nyoosha mkono kama umewahi kuwa mama mkwe. Baba mwenye nyumba. Mganga. Jirani mmbea. Mlinzi wa getini anayesema "bosi hayupo" halafu basi, haonekani tena mpaka muvi inaisha. Eeeh! Mnaona? Ukumbi mzima huo! Basi leo naongea na nyie, masteringi wanisamehe, wao wana semina zao.

Mnakumbuka zile tamthilia za Kimeksiko zilivyoingia kwenye tivii zetu? Mama zetu walikuwa wanaacha chungu jikoni kinaungua, mtaa mzima unakaa kwenye sebule moja, na ukiuliza wanaangalia nini watakutajia yule binti mrembo maskini na yule kijana tajiri. Sawa. Lakini hebu niulize, nani alikuwa anawafanya muamini kwamba ile nyumba ni nyumba kweli? Si yule yaya mzee anayejua siri zote? Si padri? Si bibi aliyekaa kwenye kiti anaangalia tu halafu anatoa sentensi moja watu wote wananyamaza? Masteringi walikuwa wanabadilishwa kila tamthilia, wale wazee walikuwa walewale. Mimi nimekuja leo na mmoja wao, tena mkubwa wao, ambaye alikuwa anafanya hii kazi kabla hiyo tivii yenyewe haijafika Meksiko.

Jina lake Sara García. Kule kwao wanamwita bibi wa Meksiko, nchi nzima, bibi yao. Amezaliwa tarehe 8 Septemba 1895 kwenye mji wa Orizaba, jimbo la Veracruz, wazazi wake walitokea Uhispania, na katika watoto wao wote ni yeye tu aliyeishi akakua. Akiwa bado mdogo akawa yatima. Tena mama yake alifariki kwa homa aliyoipata akimuuguza Sara mwenyewe, yaani mtoto kapona, mama kaondoka. Akalelewa bweni kwenye shule moja ya zamani sana ya wasichana pale Mexico City inaitwa Vizcaínas, akasoma hapo, akakua hapo, akawa mwalimu wa kuchora hapohapo. Ingeishia hapo tusingekuwa tunamwongelea leo.

Mwaka 1917 kuna mwanamama anaitwa Mimí Derba, msanii mkubwa wa jukwaani, alianzisha na mwenzake kampuni ya filamu inaitwa Azteca Films. Enzi hizo filamu hazina sauti. Sara akaingia pale, akapewa nini? Ekstra! Ekstra jamani, yule wa kupita nyuma. Filamu inaitwa En defensa propia. Alikuwa na miaka ishirini na kitu, ni mwalimu, ana mshahara, na bado akachagua kupita nyuma ya watu kwenye filamu isiyo na sauti. Hapo kuna mtu anacheka lakini nawajua humu ndani walioacha kazi benki kwa ajili ya kucheza maiti.

Kutoka hapo akaenda jukwaani, na jukwaani ndo alikopikwa miaka na miaka. Akaolewa na mwigizaji mwenzake, Fernando Ibáñez, wakazunguka na makundi ya maigizo Meksiko yote mpaka Amerika ya Kati, na mtoto wao wa kike María Fernanda akazaliwa mwaka 1920 kule Tepic wakiwa safarini na kazi. Ndoa ikavunjika. Akabaki na binti na jukwaa.

Sasa nataka mnisikilize vizuri hapa, maana hapa ndo nilipotaka kufika na ndo wengi mlikuwa mnanisubiri.

Mwaka 1934 Sara ana miaka 39 hata hajafika 40, anapata mchezo wa jukwaani ambao mhusika ni bibi kizee. Mchezo unaitwa Mi abuelita la pobre, maskini bibi yangu. Sasa mwanamke wa miaka 39 anakuwaje bibi? Wigi jeupe, sawa. Mikunjo ya kuchora, sawa, aliwahi kuwa mwalimu wa kuchora huyo. Kutembea kwa kuinama, sawa. Lakini mdomo? Mdomo wa bibi mnaujua nyie, ule uliobonyea kwa ndani, midomo imeingia, shavu limeshuka, na hata maneno yanatoka na upepo. Huo huwezi kuuchora. Akaenda kwa daktari wa meno akang'olewa meno 14. Kumi na nne! Meno mazima! Hivyo ndivyo inavyosimuliwa Meksiko mpaka leo na kila mtu anaijua hiyo hadithi, mtoto wa shule anaijua.

Naona mnashika mashavu. Sasa sikilizeni, sijawaambia mkang'oe meno, nisisikie kesho mtu yuko hospitali anasema mwalimu kasema. Mimi ninachouliza ni hivi: yule mama alikuwa anajiandaa kwa kazi ya usiku mmoja au kwa kazi ya miaka arobaini na kitu? Maana meno hayarudi. Ukishang'oa meno 14 ukiwa na miaka 39 umefunga mlango wa kucheza mrembo, umeufunga mwenyewe na ufunguo umetupa. Wenzake wa umri ule walikuwa wanapambana waendelee kuonekana wana miaka 25, wanapigania taa ikae wapi, kamera isikae wapi, na kila mwaka vita inakuwa ngumu zaidi. Yeye akaruka mto wote akaenda kuwasubiri ng'ambo. Walipofika na wao uzeeni wakamkuta ana kiti chake, ana fimbo yake, na dairekta yeyote akitaka bibi anajua pa kwenda.

Mnanipata? Kwetu hapa ukimwambia dada wa miaka 35 acheze mama wa steringi ananuna wiki nzima, anakwambia unanizeesha. Haya nuna. Sara alicheza mama na mke na bibi, na mume wake kwenye filamu mara nyingi alikuwa Fernando Soler ambaye wamepishana mwaka mmoja tu kuzaliwa, na watoto wao ni watu wazima kabisa. Pedro Infante, ambaye kwa Meksiko yule ndo kila kitu, mwimbaji, mwigizaji, mwanaume wa ndoto za kila nyumba, Sara amemzidi miaka 22 tu. Ni umri wa kuwa mama yake, tena mama kijana. Akamchezea bibi. Na watu wakaamini kiasi kwamba mpaka leo hawaamini hesabu ukiwapigia.

Lakini kuna jambo lingine nataka tulitazame polepole, tusilipite.

Kuna filamu ya mwaka 1941 inaitwa Cuando los hijos se van, maana yake watoto wanapoondoka. Dairekta Juan Bustillo Oro. Ni hadithi ya familia ya heshima, baba mkali, watoto wanaondoka mmojammoja, na mmoja, yule mwema kuliko wote, mama anampoteza. Sara ndo mama. Filamu ilipiga sana, na ikamweka Sara kwenye ile picha ya mama wa taifa, mama wa machozi, mwenye mtandio mabegani. Watu wanasema analia vizuri. Ndugu zangu, mwaka mmoja tu kabla ya hapo, 1940, María Fernanda, yule binti aliyezaliwa Tepic, mtoto wake wa pekee, alikufa kwa taifodi akiwa na miaka 20. Na yeye alikuwa ameshaanza kuigiza, kwenye La madrina del diablo ya mwaka 1937, filamu ya kwanza ya Jorge Negrete, yule mwimbaji na mwigizaji maarufu wa kwao, ndiye alikuwa mpenzi wa Negrete humo. Steringi yule!

Sasa kuna walimu wanawafundisha vijana kwamba ukitaka kulia kwenye seti kumbuka msiba wako. Mimi sipendi kabisa huo ufundishaji, nasema wazi na najua wapo humu wanaoufundisha tutaongea baadaye. Tazameni filamu yenyewe. Huyu mama hapigi kelele. Kwa zama zile uigizaji wa Meksiko ulikuwa mkubwamkubwa, mikono juu, sauti ya jukwaani, na hadithi yenyewe ni ya kukamua machozi waziwazi, lakini Sara anapoumia kabisa anashuka, anakuwa mdogo, mikono inatafuta kitu cha kushika, leso, ukingo wa meza. Huyo hakumbuki msiba. Huyo ni mtu mwenye miaka ishirini na zaidi ya jukwaa anajua mwili wa mama unafanya nini. Msiba wake alikuwa nao, wa kwake mwenyewe, na kazini alikuja na kazi. Hivyo ndivyo ninavyoamini mimi.

Na hapo ndo penye mtego. Ukishafanya kitu kimoja kikapendwa, watu watakubandika. Mama wa machozi. Maprodyuza kule walikuwa na haraka kama wa kwetu tu, tena zaidi, maana vita vya pili vya dunia vilikuwa vimeanza, Hollywood imegeukia filamu za vita, na Marekani ikawa inawauzia Wameksiko ile filamu mbichi ya kupigia picha wakati Argentina, ambao ndo walikuwa wapinzani wao kwenye soko la Kihispania, wananyimwa. Kwa hiyo Meksiko ikawa inatoa filamu kama mvua. Filamu nyingi, kila filamu inataka mama, na mama yuko mmoja. Wangeweza kumfanya alie tu mpaka astaafu.

Akafanyaje? Alikataa kuwa bibi? Hapana! Hajawahi kukataa kuwa bibi. Alikaa mlemle ndani ya bibi akaanza kusogeza fanicha.

Kwanza akapata mwenzake wa kuchekesha naye, Joaquín Pardavé, mtu wa Pénjamo, Guanajuato, mwigizaji, dairekta, mtunzi wa nyimbo, huyo naye ni mwenzetu wa kucheza wazee kabla ya wakati. Mwaka 1942 wakacheza El baisano Jalil, mume na mke Walebanoni waliohamia Mexico City, wafanyabiashara wa vitambaa, wanaongea Kihispania cha Kiarabu, P yote inakuwa B. Yule mama wa machozi anaongea kwa lafudhi, anapiga bei, anachekesha! Watu wakapenda, mwaka 1946 wakarudia na El barchante Neguib. Sisi watu wa pwani tunalijua duka la namna hiyo, mzee kakaa nyuma ya kaunta, mama ndo mwenye duka kweli.

Halafu 1947. Los tres García. Dairekta Ismael Rodríguez. Jamani hii kama hamjaiona mtaiona, nitawaambia mwishoni. Kuna binamu watatu, wote García, wote wanapenda ugomvi, wote wanamtaka binti mmoja aliyetoka Marekani, na kijiji kizima kinawaogopa. Padri anawaogopa. Mkuu wa mji anawaogopa. Bastola kiunoni, kofia pana, masharubu. Mmoja wao Pedro Infante, mwingine Abel Salazar, mwingine Víctor Manuel Mendoza. Na hawa wote watatu, madume yote hayo, wanamwogopa mtu mmoja. Bibi yao! Doña Luisa García, mjane wa García. Bibi anavuta sigara nene ile ya tumbaku iliyosokotwa, ana fimbo, na fimbo sio ya kutembelea, fimbo ni ya kuwachapa. Wajukuu wenye ndevu zao wanachapwa!

Sasa nyie waigizaji nataka muangalie anavyoishika ile sigara. Anaishika kama mtu aliyeivuta miaka hamsini, inakaa kwenye kona ya mdomo, na ule mdomo ni ule wa meno 14 mnakumbuka, sigara inakaa pale imeshikwa na midomo tu, anaongea nayo, anatukana nayo, anambariki mtu nayo. Halafu akiwa ameshawachapa na kuwafokea, akigeuka, kuna kitu kinapita usoni, anawapenda sana hawa wajinga, na wao hawakioni kwa sababu ameshageuka. Ni sisi tu tunaona. Hicho kitu hakikuandikwa kwenye skripti, huwezi kuandika kitu kama hicho, skripti ingesema bibi anageuka basi.

Mwaka huohuo ikatoka ya pili, Vuelven los García, na humo bibi anakufa. Kuna wimbo unaitwa Mi cariñito ambao Pedro Infante anamwimbia bibi yake kwenye ile ya kwanza kwa raha zote, na bibi akishafariki anauimba tena huku analia kama mtoto. Muulize Mmeksiko yeyote mtu mzima kuhusu hiyo sehemu, ataangalia pembeni. Pedro Infante mwenyewe alikufa kwa ajali ya ndege kule Mérida tarehe 15 Aprili 1957, hajafika hata miaka 40, na Sara, bibi yake, akaishi miaka 23 zaidi. Bibi akamzika mjukuu.

Halafu hakutulia. Mwaka 1959 anatoka na Las señoritas Vivanco pamoja na Prudencia Grifell, mzee mwenzake, mzaliwa wa Uhispania. Vibibi viwili vya ukoo wa heshima vimefilisika, na vinaamua kuingia kwenye wizi na utapeli. Wizi! Bibi wa taifa anaiba! Na inachekesha kwa sababu gani? Kwa sababu nchi nzima imeshazoea kumwamini ile sura. Angekuja mwigizaji mwingine pale ingekuwa ni filamu ya wezi tu. Yeye alikuwa anatumia akiba yake ya miaka ishirini kuwachezea watazamaji. Mwaka 1961 ikaja sehemu ya pili.

Na 1972, ana miaka 76 au 77, Luis Alcoriza anamuita kwenye Mecánica nacional. Hiyo filamu ni ya familia imeenda na jirani wote kuangalia mbio za magari, wanapiga kambi kando ya barabara, wanakula, wanalewa, wanaoneana wivu, na bibi naye kachukuliwa. Bibi anatukana matusi ya nguoni. Watu walishtuka jamani, yule mama wa leso! Halafu bibi anakula mpaka anavimbiwa anakufa. Anakufa palepale pikniki, na magari yamefunga barabara, hakuna pa kupita, familia inabaki na maiti kwenye foleni. Yaani ile taswira ya mama mtakatifu ambayo sinema ya Meksiko ilijenga miaka 30, na yeye ndo alikuwa tofali kubwa la hapo chini, yeye mwenyewe akakubali kuja kuibomoa akiwa na miaka hiyo. Kuna msanii gani hapa kwetu, sitaji jina, akipewa skripti ya kumdhihaki yule mhusika aliyempa umaarufu atakubali? Atasema mnanichafulia brandi.

Mtaniuliza, sasa je aliyebandikwa asiyetaka kuvaa sura ya mtu mwingine, yeye afanye nini? Nina jibu, na ni Mmeksiko vilevile, na kwa huyu sikai sana. Ramón Valdés. Amezaliwa Mexico City 1924, kakulia Ciudad Juárez, na kaka yake ndo alikuwa Tin Tan, staa mkubwa wa vichekesho. Miaka ishirini Ramón anapita kwenye filamu za kaka yake, mara mhuni, mara mlinzi, mara mtu wa kupigwa ngumi. Mdogo wa staa yule, mnamjua? Hivyo tu. Halafu Roberto Gómez Bolaños akamchukua kwenye tivii, na miaka ya 70 kikaja kipindi cha vichekesho El Chavo del Ocho, akawa Don Ramón, baba wa binti anaitwa Chilindrina, mtu mwembamba hana kazi anadaiwa kodi ya miezi 14, na mwenye nyumba akija anajificha. Kila siku miezi 14, haiongezeki haipungui! Na alivaa nini? Jinzi, fulana nyeusi, kikofia. Hakuna wigi, hakuna meno. Inasemekana Gómez Bolaños alimwambia awe yeye tu. Sara aliongeza mpaka akawa mtu mwingine, Ramón alipunguza mpaka akabaki yeye. Kule Brazil wanamwita Seu Madruga na mpaka kesho watu wanavaa sura yake kwenye matisheti, na alifariki 1988. Sawa, turudi kwa mama yetu.

Tivii ilipokuja Meksiko mwaka 1950 mastaa wengi wa sinema waliidharau. Tamthilia ya kwanza yao ya kila siku ni ya 1958. Sara hakuwa na hiyo dharau, kazi ni kazi. Mwaka 1974 ikaanza tamthilia ya watoto inaitwa Mundo de juguete, dunia ya vitu vya kuchezea, ikaenda mpaka 1977, na yeye ndo Nana Tomasita, kibibi kinachokaa kwenye nyumba yake ya hadithi na mtoto anakwenda kwake kupata faraja. Fikiria hesabu hiyo. Ameanza mwaka 1917 filamu haina sauti. Watoto waliokuwa wanamwangalia kwenye tivii mwaka 1975 bibi zao ndo walimwona jukwaani. Filamu karibu 150, nyumba moja ina vizazi vitatu na kila kizazi kina Sara wake. Akafariki tarehe 21 Novemba 1980, ana miaka 85, na miaka ile ya mwisho bado alikuwa anafanya kazi. Amelazwa kwenye kaburi moja na María Fernanda.

La mwisho, na hili ni la hela kwa hiyo naona hata wa kule nje wanaingia.

Kuna chokoleti Meksiko inaitwa Abuelita, maana yake bibi kipenzi. Ni vipande vya duara, vina mdalasini, unayeyusha kwenye maziwa ya moto unapiga mpaka povu. Kiwanda cha La Azteca kilianza kuitengeneza mwaka 1939. Mwaka 1973 wakaweka sura ya Sara kwenye boksi, ile sura yenyewe, nywele nyeupe, miwani, anatabasamu. Mwaka 1995 Nestlé wakanunua kiwanda, na sura wakanunua nayo, na mpaka leo ukiingia supamaketi Meksiko au Marekani kwenye mitaa ya Wameksiko, bibi anakuangalia kutoka kwenye boksi la njano. Kuna watoto wanamjua kwa chokoleti tu, hawajui kama aliwahi kuigiza.

Sasa swali langu sio la chokoleti. Swali langu ni hili: wewe ukipigiwa simu kesho, sura yako ya mama mkwe wanataka kuiweka kwenye paketi ya majani ya chai, utasaini nini? Unaijua hiyo karatasi? Miaka mingapi? Nchi ngapi? Kampuni ikiuzwa, sura inauzwa nayo? Ukifa, nani analipwa? Mnacheka, lakini mimi nilishaona sura yangu kwenye bango la kampuni moja, niko na kile kilemba cha mganga nilichovaa kwenye muvi, nacheka kabisa, na sijawahi kuulizwa wala kulipwa hata soda. Nilipokwenda nikaambiwa sura ni ya prodyuza. Sura yangu! Waigizaji wa Meksiko walianzisha chama chao cha ANDA mwaka 1934, mwaka uleule wa yale meno. Sisi mpaka leo tuna magrupu ya WhatsApp ya kutumiana pole za msiba.

Kwa hiyo kabla hatujaondoka kuna karatasi mbili pale mezani. Moja ni mfano wa mkataba wa kutumia sura, imeandikwa Kiswahili cha kawaida sio kile cha mawakili, nimesaidiwa na kijana wetu wa sheria yule mwenye shati la bluu, msimwibie muda na kesi za mashamba. Nyingine ni ya kuandika majina, watakaotaka tukae Alhamisi tuangalie Los tres García pamoja. Haina maandishi ya Kiswahili chini, nitawatafsiria mimi mwenyewe kadri inavyokwenda, na sehemu za nyimbo nitanyamaza. Leteni hela ya mafuta ya jenereta.

Haya maswali. Dada wa gauni la kitenge, we ulinyoosha mkono tangu kwenye meno, simama.